Filamu haikamatwi, anayekamatwa ni mpiga kamera

Kila mara ile stori ya dokumentari ya BBC, Blood Parliament, ikirudi kwa mazungumzo, watu wengi huimaliza kwa kicheko. Eti serikali ilijaribu kuizima ikashindwa. Onyesho lililopangwa Nairobi lilifutwa, sawa, lakini filamu yenyewe ilikuwa tayari iko YouTube, ikatazamwa na mamilioni, na wengine ambao hawakuwa na haja nayo kabisa waliitafuta tu juu ya kelele zilizozuka. Kwa hivyo tumeshinda, maneno yameisha. Mimi naona hapo ndio tunakosea hesabu. Siku hizi mtu mwenye nguvu na akili zake timamu hapotezi muda kupigana na filamu ambayo imeshatoka, hiyo ni kama kufukuza maji yaliyomwagika. Kinachopiganiwa ni ile ambayo bado haijatengenezwa, na njia rahisi ya kuifikia ni kupitia watu wa hapa nyumbani ambao ndio wangeitengeneza, yule mpiga kamera, yule mhariri, yule dada anayejua nani wa kuongea naye Kitengela na nani wa kuepuka. Filamu haiwezi kufungwa pingu. Hawa wanaweza.

Tukumbushane kidogo mambo yalivyokuwa, sababu yamesimuliwa nusu nusu. Filamu ilitoka mwisho wa Aprili 2025 na ilikuwa inafuatilia siku ya 25 Juni 2024, ile siku waandamanaji wa kupinga Mswada wa Fedha waliingia Bunge na risasi za kweli zikatumika. Tume ya taifa ya haki za binadamu, KNCHR, ilihesabu watu 60 waliouawa katika maandamano ya kipindi kile. Watengenezaji walichukua maelfu ya picha na video, nyingi zikiwa zimepigwa na waandamanaji wenyewe na waandishi waliokuwa pale, wakazipanga kwa dakika na kwa mahali mpaka wakatambua baadhi ya maafisa waliofyatua risasi. Wabunge kadhaa wakaja juu, wengine wakitaka BBC ifungiwe. Alafu siku chache baadaye, Mei 2, polisi walikamata watengenezaji filamu wanne wa Kenya, wakachukua simu na kompyuta na vifaa vyao, wakalala ndani, wakaachiliwa bila kufunguliwa mashtaka. BBC ikasema wazi kwamba wanne hao hawakuhusika na ile filamu. Watu wakakasirika siku mbili tatu, hashtegi ikapanda ikashuka, tukaendelea na maisha. Vifaa vilirudishwa Julai. Septemba ndio ikajulikana kwamba watafiti wa Citizen Lab wa Chuo Kikuu cha Toronto walichunguza simu hizo na kukuta kwamba kuna zilizowekewa programu ya ujasusi inayoitwa FlexiSPY, na kwamba iliwekwa wakati simu ziko mikononi mwa polisi.

Soma hiyo aya tena polepole. Watu waliokamatwa hawakutengeneza filamu inayolalamikiwa. Kama shida ilikuwa filamu, hilo ni kosa la aibu na tungetarajia mtu aombe msamaha. Lakini kama lengo ni kila mtu anayebeba kamera Nairobi ajiulize mara mbili kabla ya kukubali kazi ya aina hiyo, basi haijalishi hata kidogo ni nani alikamatwa. Pengine hata ni afadhali awe asiyehusika, manake hapo kila mmoja anajua inaweza kuwa yeye. Sisemi kuna mtu alikaa kwa meza akalipanga hivo, sina ushahidi wa hilo, nasema tu hivo ndivyo lilivyofanya kazi, na athari ya kitendo haisubiri nia.

Sasa wengi wakiongea kuhusu udhibiti wa filamu Kenya wanafikiria marufuku, na ni kweli tunazo. Filamu inayoitwa Rafiki, ya Wanuri Kahiu, ilipigwa marufuku 2018 mpaka Mahakama Kuu ikafungua dirisha la siku saba, na kumbi zikajaa. I Am Samuel ya Peter Murimi, hii ikiwa dokumentari, ilipigwa marufuku Septemba 2021. Lakini marufuku ni sehemu inayoonekana tu, na kwa kweli ni sehemu iliyozeeka, inatangaza filamu bure. Sehemu yenye meno iko kwa Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, na hii sheria ilitungwa 1962. Yaani kabla ya uhuru. Mkoloni akiwa anafunga virago aliona kuna haja ya kuacha nyuma mfumo wa kuamua nani anaweza kuelekeza kamera wapi, na sisi tukaupokea, tukaufanyia marekebisho hapa na pale, tukaendelea nao mpaka leo tukiwa na Katiba ya 2010 ambayo Kifungu cha 34 kinasema Serikali isiingilie mtu anayetengeneza au kusambaza habari kwa njia yoyote ile. Vitu viwili hivi vinaishi nyumba moja na haviongei.

Ukiisoma ile sheria ndio unaona ilivyo ya ajabu kwa mtu wa dokumentari hasa. Inataka upate leseni kabla ya kurekodi, na ombi la leseni liambatane na maelezo kamili ya matukio yatakayoonyeshwa pamoja na maneno yatakayosemwa. Mtu wa filamu ya kuigiza anaweza, ana skripti yake. Mtu wa dokumentari ataandika nini? Anaenda kumfuata mama ambaye nyumba yake imebomolewa, hajui kama huyo mama atalia, atatukana, atakataa kuongea, au atamtaja mheshimiwa kwa jina. Unaulizwa uandike maneno ambayo wenyewe hawajayasema bado. Kwa hivyo mtu ana njia mbili, aandike kitu cha kujaza fomu tu, na hapo tayari amedanganya na siku yoyote anaweza kuambiwa alichorekodi sicho alichoombea kibali, ama asiombe kabisa, na hapo amevunja sheria. Sheria hiyo hiyo inaruhusu afisa wa leseni kuamua kwamba polisi awepo wakati wa kurekodi. Hebu fikiria unahoji familia ya kijana aliyepigwa risasi na polisi, na kwa kona ya chumba amekaa polisi. Kwa utendaji hii mambo haifuatwi kila siku, wengi wanafanya kazi bila kuguswa, na mtu anaweza kusema basi shida iko wapi. Shida iko hapo hapo. Sheria ambayo haiwezekani kufuatwa inamfanya kila mtu awe na kosa linalomngoja, na kazi inayobaki kwa mwenye nguvu ni kuchagua tu lini alikumbuke. Mnakumbuka 2018 vile mkuu wa bodi ya filamu alitangaza kwamba hata anayeweka video mtandaoni kwa umma anahitaji leseni, watu wakacheka? Kwa maneno ya sheria hakuwa ametunga kitu kipya.

Na kuna hii ya kampuni za nje. Wakitaka kurekodi Kenya wanapitia kwa wakala wa filamu aliyesajiliwa hapa. Kwa biashara ni kitu kizuri, inaleta kazi, sina ugomvi nayo. Lakini angalia inamaanisha nini stori ikiwa moto. Mkurugenzi amerudi London au Berlin, filamu inahaririwa huko, inarushwa kutoka huko, ina mawakili na jina kubwa nyuma yake. Jina lililoko kwa karatasi za Nairobi ni la mtu wa Nairobi. Gari ilikodishwa na mtu wa Nairobi, nambari iliyompigia shahidi ni ya mtu wa Nairobi. Ukali wote unaoelekezwa kwa mabeberu unashukia mtu anayelipa rent mtaa wa Umoja, Nairobi.

Hii si ya Kenya peke yake na si ya leo. Wasomaji wa Tanzania watakumbuka filamu ya mapanki, yaani mabaki ya samaki, ndio jina watu waliipa, ile Darwin's Nightmare ya Hubert Sauper wa Austria iliyotoka 2004 kuhusu biashara ya sangara pale Mwanza. Ilionyesha minofu ikipanda ndege kwenda Ulaya huku watu wakibaki na mafuvu na mifupa, na ikadokeza kwamba ndege hizo zilikuwa zinakuja na silaha. Ikafika mpaka kuteuliwa kwa Oscar. Mwaka 2006 Rais Kikwete aliishutumu hadharani, yakafanyika maandamano Mwanza ya kuipinga. Sauper alikuwa Ulaya. Aliyekamatwa ni mwandishi wa habari wa Kitanzania aliyeongea ndani ya filamu, na uraia wake ukaanza kuulizwa maswali. Huyo Sauper mwenyewe alipokuja kushambuliwa na mwanahistoria wa Kifaransa aliyesema filamu ni ya kupotosha, alienda mahakamani Paris akashinda kesi ya kuchafuliwa jina. Mmoja alikuwa na mahakama, mwingine alikuwa anaulizwa babu yake alizaliwa wapi.

Lakini nisijifanye upande wa pili hauna hoja, unazo, na moja ni nzito. Watu wa Mwanza hawakuandamana wote kwa kulipwa au kusukumwa. Kuna mvuvi, kuna mfanyakazi wa kiwanda cha samaki, aliyeona mji wake umegeuzwa jalala la dunia na mtu ambaye atapanda ndege kesho. Hisia hiyo ni halali. Pesa za dokumentari nyingi za huku zinatoka Ulaya na Marekani, na anayelipa zumari hata asipochagua wimbo, anachagua mpiga zumari. Mfadhili hatakwambia usitengeneze filamu kuhusu kura za mchujo za wadi yako, atasema tu stori haina mvuto kwa hadhira pana, na hadhira pana maana yake ni watu ambao hawajui MCA, yule mwakilishi wa wadi, ni nini. Ndio unapata filamu tano kuhusu mwanaharakati na hakuna hata moja kuhusu vile bursari ya wadi inagawanywa, nani anaandika orodha, nani anaikata. Kuna juhudi za kujaza hilo pengo, mfuko wa dokumentari wa Docubox wa Judy Kibinge umekuwa ukisaidia watengenezaji wa Afrika Mashariki kwa zaidi ya miaka kumi sasa, lakini nayo si hazina ya taifa. Stesheni zetu zenyewe, ukipeleka dokumentari ya kisiasa ya saa moja, mara nyingi swali la kwanza ni umekuja na mdhamini gani. Kwa hivyo anayesema stori zetu zinasimuliwa kwa macho ya wageni anasema ukweli. Mahali anapopotea ni pale anapofikia hitimisho kwamba basi tubane zaidi. Ukibana, mgeni hapungui. Yeye ana uwezo wa kununua picha za waandamanaji na kuhariri akiwa kwao. Anayepungua ni mwenyeji, yule hasa ambaye macho yake ndio tunasema tunayakosa. Ni kama kulalamika mboga ya sokoni ni ya nje alafu unang'oa shamba la jirani.

Hoja ya pili pia naiheshimu, kwamba kumtaja mtu kwa uso na jina kama muuaji kabla ya korti ni hatari. Ni hatari. Mtu wa filamu si hakimu, anaweza kukosea uso, na huku kwetu uso ukikosewa familia ya mtu inaweza kuchomewa nyumba. Kwa hilo ningependa watengenezaji wetu wawe wakali kwa nafsi zao kuliko walivyo, wengine wanadhani ukiwa upande wa wananchi basi umesamehewa kuthibitisha. Ila hii hoja ingekuwa na nguvu zaidi kama ingekuja pamoja na kesi. Kama kuna afisa anayesema amesingiziwa, mlango wa korti uko wazi na sheria ya kuchafuliwa jina ipo. Kulala ndani kwa watu wanne ambao hawakuigusa filamu hakumsafishi afisa yeyote jina.

Ya tatu, ambayo ndio inasemwa kwa sauti kubwa kuliko zote, ni eti ni ya upande mmoja. Hii kusema kweli inanichosha. Msemaji akishasema filamu ni ya upande mmoja anakaa chini kana kwamba amejibu kitu. Kuwa na upande si sawa na kusema uongo. Video inaonyesha mtu fulani amesimama mahali fulani saa fulani na silaha imeelekezwa kule, hiyo ama ni kweli ama si kweli, na ukitaka kuipinga leta video yako, leta daftari la zamu, leta rekodi ya silaha zilizotolewa siku hiyo, na vitu hivi vyote viko kwa serikali, haviko kwa mtengenezaji filamu. Upande wenye makabati yote ya kumbukumbu ndio unalalamika kwamba upande wenye simu haukuweka usawa! Alafu hatujawahi kusikia mtu akishtakiwa kwa dokumentari ya upande mmoja inayosifu barabara.

Turudi kwa zile simu, sababu nadhani hapo ndio hatukuelewa uzito. Simu ya mtengenezaji dokumentari si kama yangu mimi ambayo ina picha za harusi na mpesa. Ndani kuna yule mama aliyekubali kuongea mradi uso usionekane. Kuna karani wa ofisi fulani aliyepiga picha ya hati akaituma. Kuna polisi kijana ambaye dhamiri ilimsumbua. Filamu inayofuatilia jambo la mtaa inajengwa kwa uaminifu wa watu kama thelathini hivi ambao hawana wakili, hawana pasipoti, na hawana mahali pa kuhamia. Ukiweka programu ya ujasusi kwa simu moja umewashika wote thelathini, na huhitaji kumfanya lolote hata mmoja wao. Wakisikia tu kwa redio kwamba simu zilirudi na kitu ndani, watajikata wenyewe. Niliwahi kukaa nyuma ya ukumbi wa kanisa dokumentari moja ikionyeshwa kwa watu wa eneo lililorekodiwa, na kitu nilichokumbuka baadaye si filamu, ni mzee mmoja aliyejiona kwa skrini akishuhudia, akamgeukia kijana wa kamera akamuuliza taratibu, hii umeipeleka wapi kwingine? Kijana akamjibu na mzee akatosheka na jibu. Leo sijui huyo kijana angejibu nini akiwa mkweli.

Na dokumentari za siasa za mitaani zinahitaji muda, hii watu hawaijui. Softie ya Sam Soko, inayomfuata mwanaharakati Boniface Mwangi mpaka akiwania ubunge wa Starehe 2017, kiti ambacho mwishowe kilichukuliwa na mwanamuziki Jaguar, ilianza kama wazo la video fupi na ikaishia kuchukua miaka kama saba. Kitu chenye thamani mle si hotuba, ni vitu vidogo, mwananchi anayemwambia mgombea usoni kwamba bila kitu kidogo hatapata kura, mke anayehesabu gharama ya siasa ya mumewe kwa watoto. Hakuna mtu angeviandika kwa fomu ya leseni mwaka wa kwanza. Filamu hiyo ilipata tuzo ya uhariri pale Sundance 2020 na ikaonyeshwa Kenya bila kupigwa marufuku, na mtu anaweza kuitumia kama ushahidi kwamba mimi natia chumvi. Mimi naisoma tofauti. Inaonyesha kwamba mfumo unaweza kuvumilia filamu iliyokamilika. Swali ni kama leo kijana wa miaka 24 anaweza kukaa miaka saba na kamera ndani ya stori ya namna hiyo bila mtu kumbishia mlango.

Asipokaa, gharama yake hatuioni mara moja, tunaiona baada ya kizazi. Februari 1984 wanaume wa Kidegodia, ukoo wa Wasomali, walikusanywa na vikosi vya usalama kwenye uwanja wa ndege wa Wagalla, Wajir, na wengi wakauawa. Serikali kwa miaka ilisema waliokufa ni 57. Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano katika ripoti yake ya 2013 ilisema huenda ni karibu 1,000. Hakuna video tunayoijua ya mauaji yenyewe. Kibinge alipotengeneza dokumentari yake kuhusu Wagalla, ikatoka 2015, alikuwa anafanya kazi na kumbukumbu za wazee na wajane, miaka thelathini baadaye, wengine wakiwa wameshakufa bila kuulizwa. Tofauti ya 57 na 1,000 ndio ukubwa wa shimo linaloachwa na kamera isiyokuwepo. 25 Juni 2024 kamera zilikuwepo, mamia, na ndio maana kuna mabishano kuhusu nani alifyatua badala ya mabishano kama kuna aliyekufa.

Uchaguzi ni 10 Agosti 2027. Mtu anayetaka kutengeneza dokumentari ya maana kuhusu uchaguzi huo, si ya urais, ile kila mtu ataikimbilia, ya wadi moja tu, ya mgombea mmoja asiye na pesa au ya mwenye pesa kupita kiasi, hawezi kuanza kampeni zikipamba moto. Inabidi awe ameingia mapema, watu wamemzoea, kamera imekuwa kama fanicha. Kwa hivyo maamuzi ya hizo filamu hayangoji Agosti, yanafanywa kwa vyumba vidogo na watu ambao hatuwajui, na sina shaka nyingi zinakataliwa hapo hapo, si na bodi, na mtengenezaji mwenyewe. Anapiga hesabu, kibali hakieleweki, mfadhili haoni mvuto, simu ya rafiki ilirudi kutoka polisi na kitu ndani. Alafu kuna harusi Jumamosi Nakuru, wanalipa nusu mbele, na wanataka drone.